Mhubiri, Hadhira na Haki ya Kujibu: Kutoka Malindi ya 1542 hadi Shakahola

Siku ya Jumapili katika vijiji vya Ganze, kuanzia Vitengeni hadi Bamba, ibada nyingi huongozwa na watu wawili. Wa kwanza ni mhubiri, aghalabu mgeni aliyetoka Kilifi, Malindi au Mombasa, naye husema Kiswahili. Wa pili ni mkalimani, mzaliwa wa mahali hapo, naye huyageuza maneno ya mgeni yakawa Kigiriama. Mhubiri hunena sentensi moja, akanyamaza. Mkalimani huipokea na kuitamka upya, mara nyingine kwa maneno machache kuliko aliyopewa, mara nyingine kwa maneno mengi zaidi kwa sababu ameongeza methali ya nyumbani. Wazee waliokaa mbele hucheka pale ambapo mgeni hakutarajia kicheko. Hapo mhubiri humtazama mkalimani wake kwa shaka kidogo, kwani ametambua kwamba mahubiri yake yamepitia mikononi mwa mtu mwingine, na kwamba huko yalikopitia yameguswa.

Katika somo la fasihi simulizi, mwanafunzi hufundishwa mapema kwamba hakuna fanani pasipo hadhira. Hufundishwa kuwa hadhira ya ngano huitikia, huuliza, hupiga makofi, hukosoa, na kwa kufanya hivyo huitunga ngano pamoja na msimulizi. Ajabu ni kwamba nadharia hii, inayotumiwa kwa ngano, vitendawili, nyimbo za jando na hata soga za vijiweni, huachwa mlangoni mwanafunzi aingiapo kanisani. Mahubiri huonekana kuwa mali ya wanateolojia. Ilhali kwa wingi wa watu wanaoyasikiliza, kwa muda yanaochukua na kwa Kiswahili kinachotumiwa humo, yamkini hakuna utanzu wa maneno ya kinywa ulio hai zaidi katika Pwani ya Kenya leo. Tena hakuna uliowahi kuua watu wengi kama huu.

Neno lenyewe lina la kusema. Hubiri na habari ni ndugu wa damu, wote wakiwa wametokana na mzizi mmoja wa Kiarabu wenye maana ya kuarifu. Mswahili akikutana na mwenzake humwuliza "Habari?", naye mwenzake asipojibu huwa amemvunjia heshima. Habari katika Kiswahili huulizwa kabla ya kutolewa, na ikitolewa hudai kupokewa kwa neno. Historia ya mhubiri wa Kikristo na wasikilizaji wake katika ukanda wa Malindi na Kilifi, ikitazamwa kwa makini, ni historia ya jibu hilo: nani alikuwa na haki ya kulitoa, kwa lugha gani, na ni nini kilichotokea liliponyamazishwa.

Mfano wa kale kabisa unaofaa kutajwa ni wa mwaka 1542. Francis Xavier, padri Mjesuiti aliyekuwa njiani kutoka Msumbiji kwenda Goa, alishuka Malindi kwa siku chache. Baada ya kufika Goa aliandika barua iliyoeleza mambo aliyoyaona. Anasimulia humo kwamba Mwislamu mmoja mwenye cheo mjini alimjia na swali. Je, huko Ulaya watu bado wanahudhuria makanisa yao na kusali kwa bidii? Kwani hapa Malindi, alisema mzee yule, ibada imepoa. Mji ulikuwa na misikiti 17, nayo iliyokuwa ikihudhuriwa haikuzidi mitatu, tena na watu wachache. Mzee alitaka kujua sababu. Xavier akatoa sababu yake, ambayo bila shaka ilimkweza Mkristo na kumshusha Mwislamu. Mzee hakukubali. Wakabishana, kisha wakaachana kila mmoja na rai yake.

Kisa hiki hutajwa mara kwa mara na wanahistoria kama ushahidi wa hali ya Uislamu mjini Malindi katika karne ya 16. Thamani yake nyingine haijatiliwa maanani vya kutosha. Mhubiri ambaye baadaye angesifiwa kwa kubatiza watu kwa maelfu huko Asia, alipokanyaga Malindi alikuta mtu anayeuliza. Aliyeanzisha mazungumzo ni msikilizaji, na hoja ilikuwa juu ya uchovu wa imani, jambo linalowahusu wote wawili kwa usawa. Hapakuwa na jukwaa wala umati. Palikuwa na watu wawili wazima, na kila mmoja alikuwa na uhuru wa kuondoka.

Miaka 300 baadaye, mwaka 1844, Johann Ludwig Krapf aliwasili Mombasa kwa niaba ya Church Missionary Society, yaani CMS. Mwezi Julai mwaka huo huo alimzika mkewe na mtoto wao mchanga. Huzuni ile haikumzuia kujifunza lugha, na katika kazi hiyo msaidizi wake mkubwa alikuwa kadhi wa Mombasa, Sheikh Ali bin Mohidin, ambaye alimsaidia kutafsiri Kitabu cha Mwanzo kwa Kiswahili. Msomaji na atafakari jambo hili. Mtu wa kwanza kumrekebisha mhubiri wa Kiprotestanti katika Kiswahili alikuwa hakimu wa Kiislamu. Haishangazi, basi, kwamba Mkristo wa Pwani hadi leo husema dini, imani, toba, dhambi, malaika, mtume na nabii, maneno ambayo yalikuwa yamekwisha kukomaa vinywani mwa Waislamu kabla Krapf hajatia nanga. Msikilizaji hakuyapokea maneno ya mhubiri. Alimwazima yake.

Huko Rabai Mpya, ambako Krapf na mwenzake Johannes Rebmann waliweka makazi mwaka 1846, hali ilikuwa ya namna nyingine, ingawa haki ya kujibu ilikuwa palepale. Wazee wa Kirabai walimkaribisha mgeni, wakampa mahali, wakamsikiliza kwa adabu. Kisha wakauliza. Ikiwa watu wataacha shughuli zao siku ya Jumapili ili waje kusikiliza, watakula nini? Krapf mwenyewe aliyaandika maulizo ya namna hii katika kumbukumbu zake, naye yalimuudhi. Aliyaona kuwa dalili ya mioyo iliyofungamana na tumbo. Ni rahisi kumhukumu leo, lakini ni vema pia kuiona hoja ya wazee. Waliishi katika nchi ambayo njaa ilikuwa kiumbe anayejulikana kwa majina, kila ukame ukipewa lake. Mtu anayeleta siku mpya ya kutofanya kazi katika nchi ya namna hiyo sharti aulizwe kuhusu chakula. Swali la wazee lilikuwa la uchumi na la teolojia kwa pamoja.

Rebmann alidumu Rabai na Kisuludini hadi mwaka 1875, akaondoka akiwa kipofu, na waliobatizwa katika kipindi hicho cha karibu miaka 30 walikuwa wachache mno. Wa kwanza wao, Mringe, alikuwa kiwete aliyekaribia kufa, mtu ambaye wamisionari walikuwa wakizungumza naye kwa saa nyingi. Wanaoandika historia ya misheni hukiita kipindi hiki cha ukavu. Kwa mtazamo wa fasihi simulizi kinaweza kuitwa kipindi cha hadhira ngumu, nayo hadhira ngumu ilizaa matunda ambayo hadhira nyepesi haizai. Kwa kuwa hawakueleweka, wahubiri wale walilazimika kusikiliza. Sarufi, kamusi ya Kiswahili iliyochapishwa mwaka 1882 baada ya Krapf kufariki, na msamiati wa Kinyika ni zao la masikio.

Aliyefika mbali zaidi katika njia hii ni W. E. Taylor, mmisionari wa CMS aliyekuja Mombasa mwaka 1880. Mwaka 1891 alichapisha mkusanyo wa methali za Kiswahili na pia msamiati wa Kigiriama. Akishirikiana na Mwalimu Sikujua, alikusanya mashairi ya Muyaka bin Haji yaliyokuwa yakipotea, na ambayo William Hichens aliyachapisha mwaka 1940 katika Diwani ya Muyaka. Taylor hakufanya hayo kwa mapenzi matupu ya ushairi. Alikuwa akitafuta lugha ya kuhubiria watu wa Mombasa, ambao walijua kujibizana kwa shairi na wasingemsikiliza mtu mwenye Kiswahili kibovu. Waliobadili dini kwa mahubiri yake walikuwa wachache, ilhali yale aliyoyasikia kwa wasikilizaji wake yamekuwa chakula cha idara za Kiswahili kwa vizazi. Huenda hakuna mhubiri mwingine katika Afrika ya Mashariki aliyefaidisha fasihi kiasi hicho kwa kushindwa kazi yake.

Sehemu ya historia hii inayostahili kukaziwa zaidi, kwa kuwa haisemwi sana, inahusu wasikilizaji waliojihubiria. Katika miaka ya 1870 kulitokea kundi la Wagiriama huko Godoma, bara ya Takaungu, waliokuwa wamepata mafunzo na maandiko kutoka kwa wamisionari wa Rabai, kisha wakarudi kwao na kuyasoma wenyewe pasipo mchungaji. Baadaye kidogo kikazuka kijiji cha Fuladoyo, ambamo waumini hao waliishi pamoja na watoro, yaani watumwa waliokimbia mashamba ya Takaungu, Malindi na Mombasa. Mzungu hakuwako kuwasimamia. Walisali, walilima, walijenga boma, na mwanzoni mwa miaka ya 1880 walishambuliwa na mabwana waliodai watumwa wao. Yafaa kuuliza mahubiri ya Fuladoyo yalikuwaje. Kwa mtoro, habari za wana wa Israeli kuvuka bahari zilikuwa habari za wiki iliyopita. Huyo hakuhitaji kuelezwa istiara. Alikuwa ndani yake.

Jambo kama hilo lilitukia Rabai kwenyewe. Mhubiri pale katika miaka ya 1880 alikuwa William Jones, mtu aliyetekwa utumwani utotoni, akakombolewa baharini, akasomeshwa Nasik nchini India na kurejea Pwani mwaka 1864. Alipata ushemasi mwaka 1885. Watoro walimiminika kwake kwa mamia, naye aliwapokea ijapokuwa wakubwa wake wa misheni na wenye mali wa Mombasa hawakupendezwa. Ugomvi ulikua hata ikabidi George Mackenzie, wakili wa kampuni ya Kiingereza ya IBEA, awalipe mabwana fidia, na Januari mosi 1889 hati za uhuru zikatolewa kwa watoro zaidi ya 1,400. Wengi wa watu hao walifika kanisani kwanza kwa ajili ya uhuru na baadaye kwa ajili ya mahubiri. Wasimamizi wa misheni walinung'unika kwamba waumini wa namna hii si waumini wa kweli. Jones, aliyejua mnyororo, hakuona tofauti kubwa kati ya mambo hayo mawili. Na jina la Mackenzie, lililokuwa saini ya uhuru mwaka 1889, lilikuja kusikika tena katika ukanda huu baada ya miaka 134 kwa sababu nyingine kabisa, kama itakavyoonekana.

Wagiriama walio wengi, hata hivyo, hawakuingia kanisani. CMS ilifungua kituo Jilore mwaka 1890 na baadaye Kaloleni, lakini mamlaka ya neno katika nchi yao ilibaki kwa wazee wa kaya, ambao hufungua kikao kwa mwito wa "Taireni!" na hawaendelei mpaka kikao kiitikie. Mwaka 1913 mamlaka hiyo iliungana na kinywa cha mwanamke. Mekatilili wa Menza alizunguka vijijini akicheza kifudu na kuwahutubia watu, akisaidiwa na Wanje wa Mwadorikola, hadi umati ulipokusanyika katika kaya kuu na kula kiapo cha kutowatumikia Waingereza. Husimuliwa hadi leo kisa cha kuku na vifaranga, jinsi Mekatilili alivyomwalika ofisa Arthur Champion ajaribu kumchukua kifaranga mmoja mbele ya mama yake. Kiwe kilitokea vilevile au la, kisa hicho kimedumu kwa sababu kina umbo la mahubiri bora: mfano mfupi, kitendo, na hadhira inayokamilisha maana yenyewe. Serikali ya kikoloni ilielewa vema alichokuwa akifanya. Ilimhamishia Kisii yeye na Wanje, nao wakatoroka na kurudi kwa miguu, na mwezi Agosti 1914 kaya ikalipuliwa kwa baruti.

Kutoka hapo hadi katikati ya karne ya 20 makala haya yanaweza kupita haraka. Shule na hospitali zilifanya kazi ambayo mimbari haikuweza, na kizazi cha wasomi wa kwanza kilibatizwa darasani. Badiliko kubwa katika uhusiano wa mhubiri na msikilizaji lilikuja na chombo. Mwaka 1957 mhubiri Mmarekani T. L. Osborn alifanya mkutano mkubwa mjini Mombasa, akihubiri na kuombea wagonjwa uwanjani mbele ya umati uliosikia kwa vipaza sauti. Miongoni mwa waliookoka katika mkutano ule alikuwa kijana Joe Kayo, aliyekuja kuwa mmoja wa waasisi wa vuguvugu la Kipentekoste nchini Kenya. Mkutano wa uwanjani ulileta furaha, nyimbo na matumaini ambayo makanisa ya zamani yalikuwa yameyasahau, na si haki kuyabeza. Lakini kipaza sauti ni kimoja, na kipo upande mmoja. Mzee wa Rabai aliyetaka kumwuliza Krapf kuhusu chakula angesimama wapi uwanjani?

Jibu la msikilizaji halikufutwa mara moja. Lilibadilishwa. Anayehudhuria ibada za siku hizi anajua mwito wa "Bwana asifiwe!" na itikio la "Amina!". Anajua pia kauli ambayo imeenea tangu miaka ya 1990 hata imekuwa alama ya utanzu: "Mwambie jirani yako..." Mhubiri husema jambo, kisha humwagiza msikilizaji amgeukie aliyeketi karibu naye na kumwambia jambo hilohilo kwa maneno yaleyale. Kwa mtazamaji wa nje, hadhira hii ni hai kupindukia. Inasimama, inaimba, inapaza sauti, inageuka huku na huku. Mwanafunzi anayejaza hojaji ya uwandani angeandika kwamba ushiriki wa hadhira ni wa kiwango cha juu. Angekuwa amehesabu sauti akasahau kuuliza ni maneno ya nani. Katika ngano, mtambaji akisema "Paukwa!" na hadhira ikaitika "Pakawa!", itikio hilo ni mlango tu. Baada yake hadhira huwa huru kuguna, kudakiza na kumwambia mtambaji kwamba bibi yake aliisimulia vizuri zaidi. Itikio la mahubiri ya siku hizi mara nyingi ndilo mlango na ndilo ukuta.

Ndipo yafaa kusema juu ya Shakahola, msitu ulio kaskazini mwa Ganze, katika eneo la Chakama. Paul Mackenzie, aliyewahi kuwa dereva wa teksi, alianzisha kanisa lake mjini Malindi mwaka 2003. Alihubiri kwa Kiswahili, na mahubiri yake yalienezwa kwa runinga na video. Alikataza shule, akakataza hospitali, akaipinga Huduma Namba. Alikamatwa zaidi ya mara moja tangu mwaka 2017 na kuachiliwa. Mwaka 2019 alitangaza kulifunga kanisa lake, na watu wakamfuata msituni. Aprili 2023 polisi waliwakuta watu waliodhoofu kwa njaa, na baada ya wiki moja makaburi yakaanza kufukuliwa. Miili iliyopatikana ilizidi 400, mingi ikiwa ya watoto. Uchunguzi ulionyesha kwamba njaa haikuwa sababu pekee, kwani baadhi walinyongwa au kupigwa. Mwaka 2024 Mackenzie na wenzake walifunguliwa mashtaka ya ugaidi, ya kuua bila kukusudia, ya mauaji na ya kuwatesa watoto. Wote walikana. Mwaka 2025 makaburi mengine yaligunduliwa Kwa Binzaro, katika eneo lilelile la Chakama, na miili zaidi ya 30 ikafukuliwa.

Yaliyosemwa baada ya msiba huo yalikuwa mengi, na baadhi yalikuwa ya aibu. Wako waliodai kwamba watu wa Pwani ni wepesi wa kudanganyika. Dai hilo halina miguu. Wafuasi wengi walitoka mbali, kutoka Magharibi ya Kenya, Nairobi na kwingineko, na miongoni mwao walikuwamo watu wenye elimu na kazi nzuri. Wenyeji wa vijiji vya jirani ni miongoni mwa waliojaribu kutoa habari mapema, na kamati maalumu ya Seneti katika ripoti yake ya Oktoba 2023 ilivilaumu vyombo vya dola kwa uzembe. Ukweli ni kinyume cha dai. Mtu aliyekwenda Shakahola aliacha kwanza lugha ya nyumbani, jirani, shangazi, mzee wa mtaa, muuguzi na mwalimu wa watoto wake. Aliacha kila mtu ambaye angeweza kumwambia, "Hebu ngoja kidogo." Wengi walikuwa wamemsikia mhubiri wao kwa muda mrefu kupitia kioo cha runinga, na kioo hakiulizwi. Walipofika msituni walikuwa wamekwisha kuzoea kutojibu.

Serikali iliunda jopokazi mwezi Mei 2023 chini ya Mutava Musyimi, nalo liliwasilisha ripoti yake Julai 2024 likipendekeza sheria ya kuyasimamia mashirika ya dini. Mjadala uliofuata umemzunguka mhubiri: asajiliwe au asisajiliwe, awe na cheti cha teolojia au asiwe nacho, achunguzwe na nani. Makanisa makubwa yamehofia uhuru wa kuabudu, na hofu yao ina msingi kwa yeyote anayekumbuka baruti ya 1914. Lakini pande zote mbili zimekubaliana, pasipo kutambua, kwamba anayehusika ni fanani peke yake. Hadhira imeachwa katika nafasi ya mtoto anayelindwa asidanganywe. Krapf hakuwa na cheti cha serikali ya Mombasa, wala Jones hakuhitaji leseni ili kuwa mhubiri mwema. Kilichowaweka katika mipaka ni watu waliowauliza, waliowadai na waliowaacha. Sheria inaweza kumnyima mhubiri mwovu jukwaa, na yafaa ifanye hivyo. Haiwezi kumrudishia msikilizaji swali lake.

Katika Ganze swali hilo si la zamani wala la msituni tu. Jina la Godoma, lililokuwa la wasomaji wale wa Injili wa miaka ya 1870, leo hii linajulikana zaidi kwa Kaya Godoma, mahali ambapo wazee waliotuhumiwa uchawi na kutishiwa kuuawa hupewa hifadhi na chama cha utamaduni kiitwacho MADCA. Kilifi imepoteza wazee wengi kwa mauaji ya namna hii, na wanaoyafuatilia wameeleza mara nyingi kwamba nyuma ya tuhuma hujificha ugomvi wa ardhi na urithi. Si kanisa lililoleta tuhuma za uchawi katika nchi hii. Mwaka 1966, kwa mfano, mganga Kajiwe alizunguka nchi ya Mijikenda akiwafichua wachawi, na watu walimfuata kwa wingi. Hata hivyo mhubiri wa leo anayesema madhabahuni kwamba adui wa maendeleo yako yumo ndani ya boma lako, asitaje jina, anajua kwamba hadhira italijaza jina hilo yenyewe. Hapa hadhira inakamilisha maana, sawasawa na nadharia inavyofundisha, na mzee mwenye mvi na ekari chache za mikorosho ndiye maana yenyewe. Hapo ndipo mkalimani wa Kigiriama huwa na kazi nzito kuliko mhubiri. Neno "adui" analigeuza vipi? Akichagua neno la mtu, au neno la pepo, au akiliacha lipite, amefanya uamuzi ambao huenda ukafika hadi kwenye kizingiti cha mtu fulani usiku.

Hayo ni masuala ya tafsiri, ya semantiki, ya fani na hadhira. Ni masuala ya watu wanaosoma jarida hili. Mahubiri yaliyowavuta watu hadi Shakahola yalitungwa kwa Kiswahili, kwa takriri, kwa maswali ya balagha, kwa istiara za safari na arusi, na yamepekuliwa na polisi, mawakili na waandishi wa habari. Kama kuna idara ya Kiswahili iliyoyaweka mezani na kuonyesha hatua kwa hatua jinsi nafasi ya msikilizaji ilivyofungwa ndani ya sentensi, kazi hiyo haijafika madarasani. Tasnifu za methali zinaendelea kurundikana, nyingi zikirudia yaliyokusanywa tangu enzi za Taylor.

Kazi ya kuanzia haihitaji fedha nyingi. Mwanafunzi anayerudi likizoni Ganze anaweza kumrekodi mhubiri, kwa idhini, na hilo si gumu, kwani wahubiri hupenda kurekodiwa. La muhimu zaidi ni kumrekodi mkalimani sambamba naye, kisha kuzilinganisha sentensi hizo mbili moja baada ya nyingine, na kuona ni wapi Kigiriama kimekubali na ni wapi kimepinda. Baada ya hapo ibada ikimalizika asizime kinasa sauti. Watu wa Vitengeni na Bamba huondoka kanisani kwa miguu, wawili wawili na watatu watatu, na kwa mwendo wa saa moja au zaidi huyazungumza waliyoyasikia. Huyacheka mengine, huyapinga mengine, humwiga mhubiri sauti yake, huulizana alimaanisha nani. Sehemu hiyo ya mahubiri haijakusanywa.